Ombi la Kuhamishiwa Jenasi ya Bryum

Rukiyo Abshir Keinan,
Maabara ya Mimea,
Garissa.
Jumatatu, tarehe 11.

Kwa Ndugu Koome,
Mhifadhi Mkuu,
Hazina ya Mimea Mikavu,
Nairobi.

Ndugu Mhifadhi,

KUH: KUHAMISHWA KUTOKA KUNDI LA WATU HADI KUNDI LA BRYUM

Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe, watumishi wako na makabati yako yote. Sisi huku hatujambo, alhamdulillahi, ila joto, na joto la Garissa si habari ya kumwandikia mtu.

Mimi ndiye msaidizi wa Dkt. Wanjugu, yule mtaalamu wenu anayechunguza Bryum, mimea midogo ya kijani inayotanda kwenye kuta na mawe penye majimaji. Hatujaonana, lakini mwandiko wangu unaujua. Kwa miaka mitatu sasa kila bahasha ya Bryum mnayopokea kutoka huku imeandikwa kwa mkono huu. Watu wa mjini hucheka wakisikia kuna msichana anayezunguka Garissa akitafuta mimea ya unyevu. Wanacheka wakiwa wamesimama kando ya bomba lao linalovuja, na hawaangalii chini.

Naja kwako kulalamika, kwa adabu zote nilizobakiwa nazo. Barua yako ya tarehe 2 imenipa kazi ya kutunza kabati la Bryum huko Nairobi, mradi nilete kitambulisho cha taifa kabla ya tarehe 30. Nimeshukuru sana. Nina miaka ishirini na sita, na kitambulisho nilianza kukiomba nikiwa na kumi na minane. Subira huvuta heri, wanasema. Yangu imevuta miaka minane na bado inavuta.

Shida yenyewe ni fupi. Nilipokuwa na miaka saba, ukame ulimaliza mbuzi wetu wote kule Hadado. Mama yangu, Maka, alinishika mkono akanipeleka kambini, akatuandikisha pamoja na wakimbizi ili tupate unga. Nikabonyeza kidole kama nilivyoambiwa. Tukala, tukapona, mvua ikanyesha, tukarudi kwetu. Kidole hakikurudi. Hadi leo, kila nikikiweka kwenye mashine ya ofisi moja ambayo sitaitaja, kompyuta hujibu kwamba mimi ni mkimbizi wa nchi ambayo sijaikanyaga hata siku moja.

Malalamiko yangu ni haya.

1. Mwezi Machi mwaka jana nilimkwangua kwa kisu Bryum mmoja aliyekuwa chini ya tangi la maji la maabara yetu. Nikamtia kwenye bahasha namba 17, nikamtuma kwenu. Wiki tatu baadaye mlimpa namba ya usajili. Wiki tatu! Utaniwia radhi nikimtaja kama mtu. Ana namba na mimi sina, kwa hiyo heshima ni yake.

2. Bryum hakuulizwa babu yake. Mimi niliulizwa. Adeer Mohamednoor, yaani ami yangu wa kiukoo, mzee wa rika la babu yangu, alisafiri kutoka Habaswein kuja kunishuhudia. Alisimama mbele ya karani akataja ukoo wangu, majina ishirini na mawili, moja baada ya jingine bila kumeza mate, kisha akamalizia kwa kugonga bakora sakafuni: "Babu yake mimi najua, tulichunga ngamia bamoja. Andika!" Karani, kijana mmoja mpole wa kutoka bara aitwaye Vincent, alimsikiliza mpaka mwisho, akamwambia kwa masikitiko kwamba fomu ina nafasi tatu tu. Akamwomba achague. Adeer alichukizwa hata akakataa chai, na kwetu mzee akikataa chai jambo limekuwa zito. Kama alivyosema njiani, hakuna aliyewahi kumwomba achague ng'ombe watatu wa kunywa maji, wengine waachwe. Bryum, kwa upande wake, hamjui baba yake, na mara nyingi hata hana. Kipande humeguka, maji hukibeba, kikaota mbele. Na amesajiliwa.

3. Bryum ana jamaa kila mahali. Dkt. Wanjugu amenionyesha kwenye vitabu: huyu mwenye ncha za rangi ya fedha anaota Afrika, Asia, Ulaya, kwenye vijia vya miji mikubwa, hata kule kusini kabisa kwenye barafu. Sijasikia mtu akimwambia kwamba kwa kuwa ana ndugu ng'ambo ya mpaka, basi na yeye ametoka huko. Mimi ng'ambo nina shangazi mmoja tu, na tuligombana.

4. Bahasha zangu husafiri. Mara nne nimejaribu kuzileta Nairobi mwenyewe, na mara nne nimeteremshwa kwenye basi katika kizuizi kimoja barabarani. Mara ya mwisho nilikuwa na sanduku la sampuli arobaini. Afisa alisoma lebo moja moja kwa makini: Kenya, Garissa, Kenya, Habaswein, Kenya, Sangailu. Akaridhika nazo kabisa, akalirudisha sanduku ndani ya basi, akalikabidhi kwa dereva kwa mikono miwili. Mimi nilibaki kando ya barabara na chupa yangu ya maji. Nilikasirika, Ndugu Koome, na nasema wazi kwamba nililionea wivu sanduku.

5. Bryum ana ruhusa ya kukauka. Anaweza kukaa miezi akionekana amekufa, na bado nyinyi mnasubiri, kwa kuwa mnajua tone moja la maji litamrudisha. Mimi nikikosa kwenda kuulizia fomu yangu wiki mbili, naambiwa faili imefungwa kwa sababu mwombaji hakufuatilia.

6. Hili sasa ndilo linaloniuma. Mwaka jana Dkt. Wanjugu alifungua bahasha ya zamani kutoka kabatini mwenu, iliyokuwa imekaa miaka arobaini chini ya jina lisilo lake. Akaloweka jani moja, akaliweka chini ya hadubini, akatazama seli zake, akasema, "Huyu alikosewa." Nilidhani ataichana lebo. Hakuichana. Alichukua kikaratasi kidogo kama cha kufungia chumvi, akaandika jina sahihi, akaandika jina lake na tarehe, akakibandika kwa gundi kando ya lebo ya zamani. Kisha akarudi kwenye chai yake, na chai ilikuwa bado ya moto. Akanieleza kwamba ndivyo kazi hii inavyofanywa dunia nzima: kosa halifutwi wala halifichwi, linasahihishwa, na kila anayefungua bahasha anaona lilivyokuwa na lilivyo. Akaniambia pia kwamba jenasi yenyewe ya Bryum wataalamu wameipangua na kuipanga upya mara nyingi, ndugu wengine wakahamishiwa jenasi nyingine, na hakuna hata mmoja aliyekosa umande wa asubuhi kwa ajili hiyo. Nilitoka nje nikalia. Daktari alidhani ni harufu ya gundi. Kosa langu lina miaka kumi na tisa, halihitaji hadubini, na mama aliyelifanya yuko hai, yuko tayari kueleza kwamba kilichomtuma ni njaa.

7. La mwisho, nalo ni zito kuliko yote. Nilijiuliza: Hazina inajuaje kwamba Bryum namba 17 ni wa Kenya? Yeye mwenyewe hasemi. Hana cheti cha kuzaliwa, hana mzee wa kumshuhudia. Mnajua kwa sababu kwenye bahasha imeandikwa "Kenya, Garissa, chini ya tangi", na chini yake kuna sahihi: R. Abshir. Basi. Neno langu limetosha kuwapa uraia Bryum arobaini, na halitoshi kunipa mimi.

Kwa sababu hizo saba, naomba kwa unyenyekevu nihamishwe kutoka kundi la watu, ambako nimeshindwa kusajiliwa, nipokelewe kabatini mwenu kama sampuli ya jenasi ya Bryum. Kukaushwa si tatizo, maana kazi hiyo Garissa imeshaifanya. Bahasha nitaikunja mwenyewe, najua kukunja. Lebo nimeshaiandaa: "Kenya, Wajir, Hadado. Mwanamke. Awali aliwekwa kimakosa miongoni mwa wakimbizi." Kinachokosekana ni mtaalamu mmoja tu wa kubandika kikaratasi kando.

Nilimwomba Dkt. Wanjugu anibandikie yeye. Alisoma ombi langu mara mbili, akavua miwani, akasema kisayansi haiwezekani, kwa kuwa Bryum hana mizizi ya kweli na mimi ninayo. Nilimwomba aliandike hilo kwenye karatasi, aligonge muhuri, nilipeleke kwa Vincent.

Nakusihi ulitazame jambo hili kabla ya tarehe 30. Kazi hiyo naitaka, Ndugu Koome. Nimeitaka tangu siku ya kwanza nilipodondosha maji juu ya kitu kikavu kama vumbi, nikakiona kikifunguka majani mbele ya macho yangu. Sijui kazi nyingine ninayoiweza namna hii, na sijui mtu mwingine atakayewatunza wale kama nitakavyowatunza mimi.

Mama anakusalimu, anakuombea afya. Adeer Mohamednoor anakusalimu pia, na anataka kujua ukoo wako. Wasalimie wafanyakazi wote wa Hazina, mlinzi wa getini, na wote walio kwenye droo ya tatu kutoka juu, ambao nawajua kwa majina.

Ni mimi, niliyesimama foleni kwa niaba yangu mwenyewe,

Rukiyo Abshir Keinan

Nyongeza, Alhamisi, tarehe 14:

Kabla sijaituma barua hii, Dkt. Wanjugu alikupigia simu kwa nia njema kabisa akakusomea lalamiko la saba, akiamini litakugusa. Limekugusa. Jibu lako limefika leo asubuhi. Unatushukuru kwa kuifumbua macho Hazina, kwani hamkuwa mmetambua kwamba mkusanyaji wa bahasha hizo hana kitambulisho. Kwa kuwa ushahidi wa mtu asiyetambulika haukubaliki, Bryum namba 17 na wenzake wote wameondolewa kwenye kabati la Kenya, wakatiwa kwenye katoni iliyoandikwa "Asili haijulikani", kungojea uhakiki.

Kwa hiyo naondoa malalamiko yote, la kwanza hadi la saba. Sikuwa na haki ya kusema wao wanatendewa vizuri kuliko mimi. Ombi la kuwa Bryum nalo naliondoa, na hiyo kazi mpe mwingine.

Nabakiwa na ombi moja dogo. Chukua kikaratasi, andika kwamba aliyewaokota ni Dkt. Wanjugu, ukibandike juu ya jina langu. Usikibandike kando, kibandike juu kabisa, lisionekane. Daktari atakataa, lakini mwambie nimekubali. Wale wamezaliwa hapa.