Dosiye kwa Sikukuu za Watakatifu

Jumatatu, 4 Juni 1956
Barua imefika. Nahamishwa Rurambo, kule milimani, kuandikisha ng'ombe! Miaka kumi na moja nimetunza dosiye, mafaili ya watu wa Uvira, leo nikahesabu pembe kwenye baridi. Na kifua cha mke wangu Léocadie? Mwaka jana daktari aliandika: asipande milimani. Karatasi hiyo imo katika dosiye yangu, kule biro, ofisini. Anayekataa kuhama ana siku kumi za kupeleka rufaa Bukavu. Mwisho tarehe 14. Norbert, karani mdogo atakayerithi kiti changu, amenipa pole huku akikipima kwa macho.

Jumatano, 6 Juni
Léocadie anasema nitoe karatasi ya daktari, niiweke pamoja na rufaa, basi. Mwanamke mwema, lakini haijui serikali. Serikali haionei kifua huruma. Inaogopa kukosa mtu tu. Basi nimepanga dosiye zote upya. Si kwa alfabeti tena. Kwa sikukuu za watakatifu! Wa kuzipata sasa ni mimi tu. Akina Étienne wako Desemba 26, akina Norbert wako leo. Wasiobatizwa nimewaweka Siku ya Marehemu, Mungu anisamehe. Dosiye yangu, Norbert asije akaiiba, nimeificha kwa mtakatifu asiyefikiriwa na mtu yeyote.

Jumamosi, 9 Juni
Bwana Mkubwa wa teritware, mkuu wa wilaya yetu, ametaka dosiye ya mtu mmoja, Gratien. Norbert ametafuta asubuhi nzima, jasho tele. Mimi, dakika moja. Bwana Mkubwa ameniangalia sana. Jioni nimekwenda kanisani kushukuru. Léocadie amekohoa rozari nzima.

Jumatatu, 11 Juni
Bwana Mkubwa ameniita. Rufaa ataipeleka, hata neno zuri ataliongeza. Anataka kitu kimoja tu: karatasi ya daktari. Nimemwomba dakika moja.
Mtakatifu gani?
Nimesahau.

Jumatano, 13 Juni
Sikukuu yangu. Antoine wa Padua, mwenye kuonyesha vilivyopotea! Nimemwashia mishumaa mitatu. Nimepekua akina Antoine wote, kisha Machi hadi Desemba. Hakuna. Daktari naye yuko likizo Ulaya. Léocadie ameniletea ugali biro, akanikuta nimepiga magoti kati ya makaratasi. Hakugomba. Amesema tu: "Baba Émérance, ile karatasi ni ya kifua changu. Ungenipatia mie niitunze."
Nimeuweka ugali kando, nikaanza tena Machi.

Alhamisi, 14 Juni
Posta ya Bukavu imeondoka. Rufaa yangu imebaki mezani.

Jumapili, 24 Juni. Rurambo
Baridi ya kuuma meno. Nimepanda peke yangu. Léocadie amebaki Uvira kwa dada yake, mtaa wa Rugenge. Usiku nasikia kikohozi chake, naye hayupo.
Norbert amenitumia dosiye yangu. Amerudisha zote kwenye alfabeti kwa siku mbili tu, yangu akaikuta kwa Mtakatifu Polikarpo. Januari! Karatasi ya daktari imo, safi. Bwana Mkubwa ameandika kwamba Septemba naweza kuomba tena, nisikose kuiambatanisha.
Sitakosa! Ila kwanza lazima Rurambo nao wanihitaji, ndipo maombi yapate nguvu. Kadi za ng'ombe zilikuwa kwa majina ya wenyewe. Nimeanza kuzipanga kwa mafumbo ya rozari: wanaonyonyesha kwenye furaha, wagonjwa kwenye uchungu, waliochinjwa kwenye utukufu. Na karatasi ya Léocadie nimeiingiza humo humo, mahali ambapo hata Shetani hataipata.