Mgonjwa wa Kwanza wa Kliniki ya Makalio

Mheshimiwa mgeni rasmi, ambaye kwa unyenyekevu mkubwa ni mimi mwenyewe, waheshimiwa wakuu wa idara, makaimu wao, na makaimu wa makaimu, muuguzi mkuu, makarani na matarishi, mke wangu mpenzi uliyekaa mstari wa mbele na kununa, mabibi na mabwana, itifaki imezingatiwa.

Mniwie radhi kwa kukataa kiti cha heshima. Nina jipu, tena kalio la kulia, chini kabisa, kwenye mkunjo kalio linapokutana na paja. Limeiva, homa imeanza, na leo hii nitatumbuliwa nikiwa mgonjwa wa kwanza wa Kliniki ya Makalio iliyo nyuma ya pazia hili. (Makofi. Karani mmoja anacheka, anajifanya anakohoa.)

Ndugu zangu, utafiti shirikishi uliofanywa na ofisi yangu, kwa maana ya mimi na kioo cha bafuni, umebaini kuwa kalio ni sekta mtambuka: juu yake kuna vishimo viwili vya kiunoni, katikati kuna mpasuo unaoanzia karibu na kifupa cha mkia, na ndani unapita mshipa mkubwa wa fahamu ambao ukibanwa, ganzi inashuka mpaka unyayoni. Takwimu zinaonesha kuwa asilimia tisini na saba nukta nne ya watumishi wetu wana bawasiri, majipu au vidonda vya kukaa, na waliobaki ni wale wasiofika kazini. (Kicheko. Mke wa msemaji hacheki.)

Katika kukaa, mimi ni bingwa, sijisifu. Kwa miaka kumi na moja nimeusimamia mradi huu wa kimkakati bila kuinuka kitini: tarishi akileta ripoti kwamba msingi umekamilika, nasaini, paa limeezekwa, nasaini, vitanda vimepokelewa, nasaini. Mke wangu alinisihi niende nikalione jengo japo mara moja, nikamjibu kuwa kiongozi wa hadhi yangu haendi saiti. Alinishinda kwa hoja, nikamshinda kwa cheo. (Minong'ono.)

Sasa, kwa mamlaka niliyojipa, nakata utepe. (Anakata. Pazia linaanguka. Nyuma yake ni kiwanja kitupu chenye majani marefu.)

Kalio salama, kazi imara!

Nawashukuru wajenzi, ambao naona hawakuja kabisa. Wakaguzi, waliokagua majani haya na kuyaita wodi. Na mimi mwenyewe, niliyesaini yote nikiwa nimekalia jipu langu. Nimeaibika, jamani, na ninaumwa. Nilitaka kuondoka, lakini muuguzi mkuu amenishika mkono, na ninamnukuu: "Bosi, likingoja kesho utalazwa. Wembe ninao. Inama hapa hapa."

Mama watoto, niinulie hilo pazia unisitiri. (Mke analikunja vizuri, analitia mkobani.)

Basi mabibi na mabwana, kwa heshima na taadhima, naomba mgeuke mtazame kule barabarani.

(Hakuna anayegeuka.)