Filamu Isiyosafishwa

Jumatatu, 4 Agosti
Mwalimu wa historia katangaza: Ijumaa kila mtu asimulie habari za familia yake mbele ya darasa. Mbele! Mimi hata nikiitwa jina naitikia kwa kukohoa. Jirani yangu wa dawati, Kipaza, mdomo wake hauna likizo, ameshaanza mazoezi. Lakini nina mpango. Juu ya kabati la babu kuna makopo mawili ya filamu alizopiga ujanani. Filamu ikionyeshwa, taa huzimwa. Gizani nani ataniona?

Jumanne, 5 Agosti
Babu kakubali, shingo upande. Kopo la kwanza ni harusi yake na bibi. Bibi hajawahi kuiona. Anasema amengoja mpaka meno yameaga. Kwenye kifuniko babu ameandika: HAIJASAFISHWA. Kweli, vumbi tupu. Nikamwambia nitaisafisha mwenyewe. Hakujibu, redio ilikuwa juu. Asiyekataa amekubali.

Jumatano, 6 Agosti
Uani, jua la mchana. Beseni, sabuni ya maji, kitambaa laini. Nimeiogesha kama mtoto mchanga, nikaianika kambani katikati ya soksi za babu. Imetakata. Ajabu, ya kijivu mwanzo mwisho, picha hamna.

Nikampelekea fundi wa picha. Kacheka mpaka akashika meza. Kumbe kusafisha filamu ni kuitia dawa gizani ili picha zitoke. Jua likiiwahi, basi tena. Kwa ile lugha nyingine ya shuleni, kutoa vumbi na kutoa picha ni maneno mawili. Kiswahili kimeona moja latosha. Nimelia njia nzima.

Alhamisi, 7 Agosti
Nimewaambia wakati wa chai. Bibi akaweka kikombe chini. Babu hakugomba. Alionekana, sijui nisemeje, kama mtu aliyetuliwa mzigo. Bibi akamkazia macho.

"Mzee, siku ile kifuniko cha lenzi ya kamera ulikitoa?"

Babu akaikoroga chai isiyo na sukari. Akasema ndiyo hivyo, hatutajua tena, mtoto ameshaianika.

Bibi kacheka mpaka machozi. "Mke mwenzangu, umemwokoa mume wetu. Miaka yote hii anaogopa kwenda kwa fundi!"

Kisha akanikabidhi kopo la pili, kwa mikono miwili. Ni mama yangu, siku alipopiga hatua ya kwanza. Hiyo bibi aliiona ikionyeshwa ukutani, kwa macho yake. Hakuna nyingine, kasema.

Alhamisi, jioni
Fundi kaikagua. Picha zipo, nzuri kabisa, ila imeota ukungu kidogo. Niisafishe taratibu, kesho ataniazima projekta. Akauliza kama safari hii nimeelewa.

Nimeitikia kwa kichwa. Neno hilo hatanibabaisha nalo mtu tena. Sabuni na kitambaa nimevirudisha jikoni, mambo ya kishamba hayo. Nimenunua chupa ya dawa kwa msaidizi wake. Dirisha la bafu nimeliziba kwa shuka. Ndoo tayari.

Nazima taa. Kesho Kipaza atakoma.