Waraka wa Kupanda Ngazi Pangoni

Wizara ilitangaza, kwa furaha kubwa na kwa nakala kumi na nne, kwamba upendeleo katika kupandisha watumishi vyeo umekomeshwa rasmi kuanzia Jumatatu saa mbili asubuhi. Kuanzia saa hiyo mtumishi asingepandishwa kwa kumjua mtu, wala kwa kumbebea mtu mkoba, wala kwa kuwahi kucheka mtu akitoa utani. Angepandishwa kwa uzoefu wake tu. Na uzoefu huo, ili mkono wa binadamu usije ukauchakachua, ungepimwa na mashine.

Mashine yenyewe ilikuwa mchezo wa kompyuta.

Mshauri mwelekezi, aliyeletwa kwa kazi hiyo na viatu vyake vyenye ncha, aliusimamia uamuzi huo ukumbini bila kupepesa macho. "Waheshimiwa, nimezunguka kila mahali. Mfumo ambao mtu akifanya kazi anapewa uzoefu, uzoefu ukitosha anapanda ngazi, na hakuna wa kumpigia simu, nimeuona mmoja tu." Akabonyeza kitufe. Ukutani akatokea mtu mwenye upanga anayekimbia pangoni na kukatakata mifupa inayotembea. Kila mfupa ulipoanguka, mstari mwembamba wa uzoefu ulisogea chini ya skrini. Ngazi zilikuwa mia. Mpaka tisini, akaeleza, ni mteremko. Kutoka tisini kwenda mia ndipo shughuli inapoanza, maana kila ngazi inataka uzoefu wa kutisha, na ukifa unakatwa asilimia kumi ya uzoefu wote unaotakiwa kwenda ngazi inayofuata.

"Kama utumishi wenyewe," mtu mmoja akasema nyuma. Jina lake likaandikwa.

Waraka ulifika ghorofa ya chini saa tano, ukapokelewa na mwanamke ambaye wizara nzima ilimwita Bi Masijala. Jina lake halisi lilikuwa limepotea taratibu, kwa sababu barua zote zilikuja zimeandikwa "Kwa: Masijala" na yeye ndiye aliyekuwamo. Alikuwa amekaa mle miaka kumi na tisa katikati ya majalada, feni moja na dirisha linaloonyesha matairi ya magari ya wakubwa. Aliajiriwa Karani Daraja la Tatu, na Karani Daraja la Tatu ndivyo alivyokuwa bado. Jalada lolote la wizara ungemtajia angelitoa kabla hujamaliza sentensi, isipokuwa jalada moja: lake mwenyewe. Hilo lilipelekwa juu zamani kwa ajili ya kupandishwa cheo na tangu hapo "linashughulikiwa". Alibakiwa na miezi saba kustaafu.

Aliusoma waraka wote akiwa amesimama, akakirudia kipengele cha saba: *Mtumishi yeyote wa Idara atakayetangulia kufika ngazi ya mia atathibitishwa kuwa Mkurugenzi.*

"Yeyote," akasema kwa sauti.

Kipengele hicho kilikuwa kimetungwa na Kaimu Mkurugenzi wa Idara, ambayo masijala nayo ilikuwa chini yake, kwa mkono wake. Alikuwa amekaimu miaka sita, mpaka watoto wake shuleni walijaza kwenye fomu kwamba kazi ya baba ni kukaimu. Alitaka kuandika "Kaimu Mkurugenzi atakayetangulia", lakini mwanasheria wa wizara akasema haitapendeza. Basi akaandika "yeyote", akaunda Kikosi Kazi cha maofisa watano wa kumchezea kwa zamu, akalala usingizi mnono.

Dereva wa Kaimu ndiye aliyemfundisha Bi Masijala. Alishuka masijala siku ile ile kuleta bahasha, akamkuta ameivamia kompyuta kwa vidole viwili.

"Dada, hapo unajiua mwenyewe."

"Nimeona. Nimeshajiua mara nne. Wewe umejulia wapi?"

"Kwenye gari. Bosi akisema anaingia mkutanoni dakika tano, mimi nina saa tatu. Huu mwaka wa sita." Akavuta kiti. "Chukua huyu mama wa upinde. Anaua kwa mbali. Wewe si mtu wa kugombana na mtu uso kwa uso."

"Nani amekwambia?"

"Ungekuwa mtu wa kugombana ungekuwa hapa miaka yote hiyo?"

Bi Masijala alisogeza kibodi karibu. Kisha akamchukua mama wa upinde, akampa jina MASIJALA, maana alipoulizwa, jina hilo ndilo lililozoewa na vidole vyake.

Kufika tisini kulimchukua wiki sita. Barua za asubuhi zikishaingizwa kitabuni, hakuna aliyeshuka tena mle mpaka jioni, na wakubwa walipotaka jalada walipiga simu, akatoa kwa mkono wa kushoto. Nyumbani mumewe, mwalimu mstaafu, alikuwa akimpokea mkoba mlangoni na kumuuliza, "Umeua wangapi leo?"

"Elfu moja na kitu."

"Pole na kazi," akajibu mwalimu, kwa dhati kabisa.

Alipofika tisini na moja, kiburi kilimwingia. Aliona juu ya ramani pango kubwa jekundu lenye Joka Kuu, akaona na yeye ni mtu. Akaingia. Joka halikutoka hata kitandani. Lilipiga chafya tu. Akafa. Akarudi kwa hasira, akafa. Akarudi mara ya tatu akiwa amevua miwani, na uzoefu wa siku nne ukawa umeyeyuka kama hakuwahi kufika kazini. Aliinamisha kichwa mezani. Haikuwa hasara ya mchezo iliyomuuma. Ni kwamba mara ya kwanza katika miaka mingi alikuwa amejiruhusu kutaka kitu, na kumbe chenyewe hakikumtaka.

Dereva alimkuta hivyo hivyo.

"Ulikwenda kwa Joka?"

"Nilikwenda."

"Dada, Joka ni la kupigia picha. Uzoefu hauko kwa Joka." Akamwonyesha kona ya ramani pango dogo, duni, liitwalo Ghala. "Hapa mifupa imejaa kama nzi na haina nguvu ya kukuua. Unaingia, unafagia, unatoka. Usiokote kitu. Usifungue sanduku. Ukimwona mkubwa wa pango amekaa kwenye kiti chake, mpite. Dakika nne. Halafu unaingia tena."

"Pango lile lile?"

"Lile lile."

"Kila siku?"

"Mpaka mia."

Bi Masijala alivaa miwani yake. Maisha yake yote alikuwa akingoja mtu amwambie kwamba kazi hiyo ina thamani mahali fulani.

Ghorofa ya nne, wakati huo, Kikosi Kazi kilikuwa kikienda kwa mujibu wa mpango mkakati. Shujaa wa Kaimu alikuwa na vazi la dhahabu na joho refu lililoidhinishwa na kikao. Maofisa walipokezana zamu kwa muhtasari wa maandishi, na kwa kuwa taarifa ya kila mwezi ilidai picha, kila zamu ililazimika kupigana na kitu kikubwa. Shujaa alikufa sana. Hata hivyo neno "kufa" lilionekana linavunja moyo, kwa hiyo taarifa ziliandika kwamba amepata changamoto. Mwezi wa tatu alipata changamoto mia mbili na kumi, "zote zikiwa zimefanyiwa kazi". Alikuwa akipanda, ndiyo, kwa sababu watu watano wakilisukuma gari bovu kutwa nzima, litafika mahali.

Mfumo nao uliendelea kuzaa matunda. Wakuu wa vitengo kumi na mmoja walithibitishwa. Katibu Mkuu mwenyewe, bosi wa wizara nzima, alithibitishwa kwa ngazi ya themanini na moja, nyingine akizipanda akiwa kwenye ndege, jambo lililompa sifa zaidi.

Mwezi wa tano ukatangazwa Siku ya Uzoefu. Shujaa wa Kaimu alikuwa ngazi ya tisini na tisa, asilimia tisini na nane ya safari ya mwisho. Ilibaki mifupa michache. Ukumbi ukapambwa, skrini kubwa ikatundikwa, Katibu Mkuu akakaribishwa kushuhudia. Orodha ya waalikwa ilianzia Daraja la Pili, kwa hiyo Bi Masijala alibaki chini na feni yake, tisini na tisa na asilimia tisini na sita, na Dereva akiwa amekaa pembeni, maana bosi alisema mkutano ni wa dakika tano.

Kiongozi wa Kikosi alimnong'oneza Kaimu, "Mkuu, tumekuandalia mifupa hapa. Ukibonyeza hapa tu, inatosha."

Kaimu alimtazama Katibu Mkuu, akazitazama kamera. "Mifupa?" akasema. "Mbele ya wageni?" Akakisogeza kipanya cha kompyuta mwenyewe kwa mara ya kwanza, akaenda pango jekundu.

Joka likapiga chafya.

"Changamoto," akasema Afisa Habari kwenye kipaza sauti.

Kaimu akarudi. Changamoto. Alilegeza tai, akarudi. Watu walipiga makofi mara tatu za mwanzo, kisha wakawa hawajui ustaarabu unataka nini. Kiongozi wa Kikosi alinyoosha mkono kumzuia, akapigwa kofi la vidole. Mara ya kumi mashine haikuwa na cha kumkata. Mstari mwembamba chini ya skrini ulikuwa mtupu, na miezi mitano ya watu watano ilikuwa imekwenda kwa robo saa.

Hapo ndipo kengele ilipolia kwenye skrini, na maandishi makubwa ya manjano yakapita mbele ya wachezaji wote: MASIJALA AMEFIKA NGAZI YA 100.

Katibu Mkuu alisoma taratibu. "Masijala ni nani?"

"Si mtu, mheshimiwa," akasema Kaimu, jasho likimtiririka. "Ni chumba."

Wakamtuma askari wa mlangoni. Bi Masijala akapanda ngazi za jengo, hizi za saruji, ghorofa nne, akaingia ukumbini akihema na kalamu ikiwa bado sikioni. Dereva alimfuata mpaka mlangoni, akaishia hapo.

"Wewe ndiye uliyefika mia?" Katibu Mkuu akauliza.

"Ndiyo, mheshimiwa."

"Joka uliliua vipi?"

"Sikuliua. Niliingia Ghala mara elfu tano hivi."

"Ghala! Na Joka?"

"Joka lina faida gani, mheshimiwa?"

Mtu fulani alicheka, akageuza kuwa kikohozi. Kaimu akasimama. "Mheshimiwa, tuwe wakweli. Idara haiwezi kukabidhiwa mtu kwa sababu ya kuua mifupa. Huu ni mchezo tu! Mchezo wa kompyuta!"

Mwanasheria wa wizara aliinua kidole. "Naomba kukumbusha, kama ni mchezo tu, tutalazimika kuutazama upya uthibitisho wa wakuu wote wa vitengo. Na ule wa ngazi ya themanini na—"

"Si mchezo," akasema Katibu Mkuu upesi. "Nani kasema mchezo? Ni mfumo." Akamgeukia Bi Masijala, akampa mkono, na kamera zikafanya kazi yake. Bi Masijala aliushika mkono ule muda mrefu kuliko ilivyo desturi.

Kaimu alirudishwa kwenye cheo chake cha asili. Walipokitafuta, wakakuta kina mwenyewe tayari, naye akawa anakaimu tena, safari hii nafasi ya msaidizi wa mtu aliye likizo.

Mkurugenzi mpya alianza kwa kuomba aletewe majalada yote ya kupandisha vyeo yaliyokuwa yakishughulikiwa. Yalikuwa arobaini na matatu, kwenye kabati lililokuwa nyuma ya kiti chake mwenyewe. Alitia saini arobaini na mawili mpaka mchana. Lake akalipeleka kwa mwanasheria, kwa kuwa mtu hawezi kujiidhinisha. Mumewe alipompokea mkoba jioni, na kumuuliza ameua wangapi, Bi Masijala alisema, "Leo hakuna," akakaa kwenye ngazi ya mlango akalia kidogo, mwalimu akiwa ameushika mkoba, hajui auweke wapi.

Wiki ya pili Waziri, aliyefurahishwa sana na mageuzi hayo, akatoa waraka wake. Haiwezekani, alisema, bosi akawa na uzoefu mdogo kuliko aliye chini yake. Makatibu wakuu wote wafike ngazi ya mia kabla ya mwisho wa mwaka, na kila mmoja acheze kwa vidole vyake, mbele ya msimamizi.

Katibu Mkuu alishuka ofisini kwa Bi Masijala bila hata kutanguliza simu.

"Mama, nisaidie. Mimi nina themanini na moja tayari. Zimebaki kumi na tisa tu."

"Vizuri, mheshimiwa. Neno lako la siri ni lipi?"

Katibu Mkuu alikuna kidevu. Neno la siri alikuwa nalo mshauri mwelekezi, na mshauri mwelekezi mkataba wake ulikwisha, akaondoka na viatu vyake, na simu yake ilikuwa haipatikani.

"Basi tutaanza moja," akasema Bi Masijala kwa upole. Akamwita Mkufunzi wa Idara, ambaye mpaka wiki iliyopita alikuwa dereva.

Wakamketisha Katibu Mkuu mbele ya kompyuta, kwenye chumba kidogo kando ya ngazi, na koti lake la suti likatundikwa nyuma ya mlango. Ngazi ya kwanza haina mifupa wala majoka. Ina panya. Aliwapiga kwa rungu kutoka saa tatu mpaka saa sita, ulimi ukiwa umemtoka kidogo pembeni mwa mdomo, na watumishi waliokuwa wakipita kwenye korido walipunguza mwendo kuchungulia.

"Mkufunzi," akauliza hatimaye, akifuta jasho. "Hawa panya wanaisha lini?"

"Hawaishi, mheshimiwa. Nenda mlangoni mwa pango, kisha urudi."

Katibu Mkuu akaenda mlangoni mwa pango. Akarudi. Walikuwepo.