Jiwe la Mpaka wa Wadlow ya Chini

Ijumaa, 3 Mei

Nimeamka na furaha. Mwenyekiti wa baraza la kijiji amejiuzulu, magoti yamemshinda. Kiti kiko wazi! Nani anakifaa? Mimi, Percival Huckstep, mwanahistoria wa Wadlow ya Chini. Kikwazo ni kimoja tu: jirani yangu, Bi Hester Pargeter. Hajui hata kanisa letu lilijengwa karne gani, lakini anagawa mayai, basi watu wanampenda. Uchaguzi ni Alhamisi, sikukuu ya Kupaa, baada ya kuzunguka mpaka, ada yetu ya kila mwaka ya kuufuata kwa miguu na kuyachapa mawe yake kwa fimbo.

Jumamosi, 4 Mei

Dawa yake nimeipata! Kwa kanuni yetu, asiyelala ndani ya mpaka hagombei. Na mpaka ni nini? Mstari ulionyooka, jiwe hadi jiwe. Jiwe la kijitoni liko nyuma ya shamba la Bi Pargeter. Likisogea kidogo kuja huku, bibi huyo ni mtu wa Wadlow ya Juu, kijiji jirani, yeye na mayai yake. Nikamweleza mke wangu, Mavis. Akasema, "We mzee, utavunjika kiuno bure." Mavis hana maono.

Jumapili, 5 Mei

Saa ya chakula cha mchana. Kila nyumba ina nyama ya kuoka mezani, hakuna roho barabarani. Nikatoka na toroli. Jiwe zito ajabu! Nimelipanda upya, nikalipaka matope. Mstari nimeupima kwa jicho, uso wangu kwa Bi Pargeter. Nyumba yangu ilikuwa mgongoni, kuitazama ya nini? Nimerudi nikala kondoo wangu kapoa, na sosi ya mnanaa. Mtamu vilevile.

Alhamisi, 9 Mei

Siku gani hii! Kijiji kizima tumetoka na fimbo zetu, Kasisi Tolliver mbele na kamba. Tukalichapa jiwe la kijitoni kama ilivyo ada. Bi Pargeter akasema mbona kama limesogea. Kasisi akacheka. "Limesogea wapi, mama? Si Bwana Huckstep huyu alituhubiria ukumbini majira yote ya baridi kwamba halijatikisika tangu enzi za watawa?" Macho yote kwangu. Ningesemaje? Nikasema halijatikisika.

Kamba ikavutwa kutoka hapo kuelekea jiwe la pili. Ikapita kwenye banda la kuku la Bi Pargeter. Nyumba yake ikabaki ndani! Kamba ikaendelea. Ikaja kwangu. Ikaingia kwa dirisha la jikoni!

Ada ni kufuata mstari, kuwe na nyumba kusiwe na nyumba. Kasisi akapanda dirishani na kanzu yake, umati nyuma. Wakauchapa ukuta wetu kwa fimbo. Mavis akawagawia keki ya zabibu kavu, kana kwamba ni harusi. Jiko letu ni Wadlow ya Chini. Kitanda ni Wadlow ya Juu. Mimi, niliyezaliwa katika chumba kile!

Bi Pargeter amepita bila kupingwa. Akaja kunishika mkono. "Pole, jirani. Kuku wangu nao wamehama, mko upande mmoja sasa. Uniangalizie, eti?" Akaniachia bakuli la mayai. Roho imeniuma, sifichi.

Ijumaa, 10 Mei

Nimelala vizuri, ingawa ugenini. Mayai matamu, lazima nikiri. Mavis anasema nilirudishe jiwe, au walau kitanda kihamie jikoni. Mchimba kisima, anasema, huingia mwenyewe. Nikamwambia alete chai.

Maana habari ni njema! Nimesikia Wadlow ya Juu nao wanachagua mwenyekiti mwezi huu. Mgombea ni mmoja tu, Stubbs, yule anayekaa kwenye kinu cha zamani. Nyuma ya kinu kuna jiwe la mpaka. Nimekwenda kulitazama. Si kubwa.

Keshokutwa Jumapili, watu watakuwa mezani na nyama zao. Toroli nimeshalitia mafuta.