Butoyi Anapunguza Miaka

Jumatatu, 6 Machi 2023

Kiti changu kitakuwa wazi mwezi ujao. Aliyesema ni Norbert, tunayekaa naye meza jirani katika ofisi ya kilimo, na ameshaleta mto wake wa kukalia. Orodha ya wastaafu imebandikwa mlangoni: Butoyi Rémy, mzaliwa wa 1958. Uongo! Nilizaliwa 1962. Karani aliyeniandikisha kazini aliziona ndevu zangu, akakisia. Sasa Norbert ananiita mzee. Mzee!

Jumanne, 7 Machi

Avoka mmoja, wakili wa mtaa wa Nyamianda, anasema tribinali, yaani mahakama, inaweza kurekebisha tarehe. Niseme kweli, nilete shahidi, basi. Nimewaza njiani. Nikipewa 1962, nitastaafu 2027. Kwa nini niombe kidogo, kama mtu anayeomba chumvi kwa jirani? Nimerudi nikamwambia aandike 1968. Ameuliza kama nina hakika. Nimemjibu kwamba mtu hasahau siku aliyozaliwa.

Alhamisi, 9 Machi

Shahidi lazima awe mkubwa kwangu. Nimekwenda mtaa wa Mulongwe kwa dada yangu Émérance, muuza ndagala, dagaa wa ziwani. Nimemwomba aje aseme tu kwamba yeye ni mkubwa wangu. Amefurahi mno. Amesema tangu utoto anangoja kulisema jambo hilo mbele ya serikali. Miaka sikuitaja. Akili! Jioni nimepaka rangi ya yombo, nywele zimekuwa nyeusi ti. Mke wangu Ornella ameuliza kama naoa.

Jumanne, 14 Machi

Kikao. Joto kali. Yombo ikaanza kuteremka shingoni. Nikasema ni jasho.

Hakimu ni mtu wa Kasai, majina ya huku hayajui. Nikajipongeza. Émérance akaapa kwa sauti ya sokoni: Bukuru Émérance! Grefye, karani wa tribinali, mzaliwa wa hapa hapa, akaacha kuandika. Akamnong'oneza hakimu kwamba kwetu pacha anayetangulia kutoka huitwa Bukuru, na anayefuata Butoyi. Lo! Nimepaka rangi kichwa kizima, nikasahau jina!

Hakimu, ndiye prezida wa kikao, akamwuliza Émérance amenizidi miaka mingapi.

“Miaka? Prezida, ni muda wa kusonga bugali tu. Mama alinizaa minye, akapumua kidogo, njo huyu akatoka.”

Hakimu akanigeukia. Akataka kujua kama nilibaki tumboni miaka mizima nikitafuta mlango. Watu walicheka hadi waliokuwa uani wakachungulia. Avoka akaanza kufunga mkoba wake. Norbert, aliyedai amekuja kunitia moyo, akasema mto wake unaenea vizuri kwenye kile kiti.

Hakimu akasema analitupa ombi. Nikaona mshahara unaondoka, na Ornella akiniuliza kwa nini sikuridhika na kweli.

Émérance ndiye aliyeuliza kwanza. “We Butoyi, uongo iko wa nini, na kweli iko?” Akafungua pochi, akatoa hukumu ya tribinali hii hii, aliyoipata mwaka jana akitafuta pasipoti. Mzaliwa wa 1962. Karatasi ilinuka ndagala. Hakimu akaisoma akiwa ameishika mbali na pua. Jibu Ijumaa.

Ijumaa, 17 Machi

1962! Hakimu amesema tribinali ikishajua pacha mmoja alizaliwa lini, haiwezi kujifanya haimjui mwenzake. Nimepumua. Nimepumua tena. Nimekwenda ofisini nikakaa tu, bila kazi yoyote, nikisikia raha ya ubao wa kiti changu. Norbert amebeba mto wake. Hakuniita mzee.

Jumapili, 19 Machi

Tumekula samaki wa mukeke kwangu kushukuru. Émérance amechukua mkubwa kuliko wote kabla sijanawa. Anasema aliyetangulia hutangulia, serikali yenyewe imesikia. Amenituma maji. Ananiita petit, yaani mdogo. Wauza ndagala wote wa Mulongwe sasa wananiita petit!

Nimewaza. Tribinali iliyorekebisha mwaka itashindwaje kurekebisha nani alitoka kwanza? Mimi ni Bukuru. Shahidi ninaye: Norbert. Yuko tayari kuapa kwamba alisimama mlangoni akaona kwa macho yake. Ameomba tu nimwachie meza yangu ya dirishani. Alizaliwa 1979, lakini hakimu si lazima aulize. Yombo nimeiosha, safari hii mvi zitasaidia.

Avoka anatungoja Jumatatu tarehe 27, saa mbili asubuhi.