Chui Niliyemwangukia Ijumbi

Jumatatu, 6 Juni 1938. Bukoba.
Wewe uliyeokota daftari hili, nakusihi: neno lolote humu lisikutoke. Hasa mbele ya Mzee Karugendo, baba yake Georgina ninayemposa!

Jana, mteremko wa Ijumbi, breki za baiskeli zilikatika. Nikaingia kibanja cha watu, nikapenya migomba, nikaangukia chui. Kumbe mzoga. Pengine sumu ya wafuga mbuzi. Mimi sikujua! Nilipiga mayowe hadi watu wakaja na mapanga, wakanikuta juu yake, nimemkaba shingo. Wakasema mayowe yale ni ya vita. Sikukanusha. Hakuna aliyeniuliza.

Karugendo, aliyesema juzi kuwa mikono ya karani haiwezi hata kuku, ameleta mtungi wa rubisi, pombe ya ndizi. Ananiita mkwe!

Jumatano, 8 Juni.
Lwakatare, karani mwenzangu, ameuliza mbele ya wote: chui gani huyo asiye na kucha? Mbona huna hata mkwaruzo, shujaa? Wakacheka. Shati likalowa.

Nikapata mbinu. Nimemwazima paka wa Bi Shamsia, mwenye nyumba wangu hapa Rwamishenye. Nikamvuta mkia. Akanilalia pajani, akakoroma. Bi Shamsia akasema, mwanangu, huyo hata panya anawaamkia.

Nimetumia mwiba wa mchungwa. Nilizimia kidogo. Mikwaruzo imependeza.

Jumamosi, 11 Juni. Muleba.
Mukama, mfalme wetu, kaniita nijigambe kwa mkuki mbele yake, kama desturi: unataja sifa zako mwenyewe, mwisho unaahidi utakalotenda. Nilitetemeka hadi mkuki ukayumba. Umati ukasema ni hasira. Waitu, bwana wetu, nikanguruma, ndimi Niliyemkaba Asiyekabika! Vigelegele. Nikalewa. Nikaahidi kumuua kiboko wa kisiwa cha Goziba, yule anayepindua mitumbwi!

Mtumbwi wenyewe siuwezi.

Karugendo akainuka: vema, harusi siku kiboko atakapokufa.

Georgina akanivuta kando. Akasema alinipenda tangu nilipokuwa karani asiye na chui. Niseme kweli, atasimama nami mbele ya baba yake. Maskini. Najua anataka viboko wawili, ila anaona haya kudai.

Jumapili, 12 Juni. Rwamishenye.
Mbinu bora kabisa! Viboko nao hufa wenyewe. Ukimwona mmoja, msomaji, njoo upesi kwa Bi Shamsia, dirisha la nyuma lenye pazia la kaniki. Njoo kabla hajaoza, nikamuue. Gonga polepole. Ukiita shujaa, sifungui, moyo hauwezi. Ita karani.